Gita la Mtu Asiyezikwa

Treni ya chini ya ardhi ya kwenda Bredäng, kitongoji cha Stockholm, ilikuwa kimya, kama Wasweden wanavyopenda. Waliokuwa wakiongea ni hawa wawili tu mbele yangu, ambao Kiswahili kilikuwa kimewakutanisha vituo vitatu nyuma. Domina, Mtanzania anayehudumia wazee majumbani, alikuwa amepakata gita ndani ya mfuko wake. "La mzee niliyekuwa nikimhudumia," alimwambia Ssali, Mganda mwenye mvi. "Alikuwa na bendi zamani, muziki wa panki ulipoanza kuchuja. Alipiga sauti moja tu wimbo mzima, na vijana wanamwiga mpaka leo. Amefariki wiki tatu sasa. Binti yake ndiye aliyenipa, na sasa ninamrudishia."

"Ameshazikwa?"

"Bado. Ijumaa."

Ssali akavuta miguu yake nyuma. "Dada, umepokea mali ya marehemu ambaye hajazikwa?"

"Ndiyo desturi ya huku, kaka. Wanagawa kwanza, wanazika baadaye. Na marehemu mwenyewe ni wa huku!"

"Basi mbona unalirudisha?"

Domina aliuinamia mfuko. "Kila siku saa nane mchana, saa niliyokuwa nikimpa dawa, linalia sauti ile ile. Jana nikang'oa nyuzi zote."

"Na leo?"

Sikuulizwa mimi, lakini nilitazama saa. Ilibaki dakika moja kufika saa nane. Treni iliposimama Bredäng, Wasweden, ambao hawana kawaida ya kutazama mzigo wa mtu, waligeuka wote kuutazama ule mfuko.