Kilo Sitini na Sita za Sajini na Tofi

Nje ya duka la Kavindu la dawa za mifugo, karibu na soko la Machakos, kuna benchi la mbao lenye mguu mmoja mfupi, na kila anayelikalia ameshajifunza kuegemea upande wake bila kufikiria. Jumamosi saa tatu asubuhi Omar huleta hapo birika lake la kahawa ya tangawizi na kikapu cha mahamri. Ni birika moja tu, na sheria inajulikana: kahawa ikiisha, kila mtu aende kwake, hata kama hoja imefika mahali patamu. Jumamosi hii wote walikuwa wamewahi. Alikuwepo Masila, aitwaye Josho, kwa sababu aliwaogesha ng'ombe wa watu kwenye josho miaka thelathini, na mpaka leo hawezi kueleza jambo lolote bila kuanzia kwa ng'ombe. Alikuwepo Musili kinyozi, aitwaye Profesa, ambaye hajawahi kuulizwa swali akakosa jibu. Katikati yao alikaa Wambua, mlinzi mstaafu ambaye mtaa mzima humwita Sajini, amempakata mbwa mdogo wa manyoya meupe aitwaye Tofi. Tofi alikuwa amejaa mapaja yote mawili na bado akamwagika kidogo pembeni.

Tofi aliletwa Januari na Mutanu, binti wa Sajini anayekaa Syokimau, karibu na Nairobi, ghorofa ya nne. Ilikuwa miezi miwili tangu wamzike mama yake, Kaluki, na Mutanu hakutaka baba yake abaki akizungumza na kuta. Alileta mbwa, mfuko wa chakula cha punje, kikombe cheupe, na amri. Mbwa wa aina hii ni mdogo, hafai kupita kilo nne. Anakula nusu kikombe kwa siku, robo asubuhi na robo jioni, basi. Akizidisha, magoti yatamsumbua na moyo utachoka. "Baba, nikija nikute amenenepa, narudi naye Syokimau," alisema. Sasa ilikuwa Juni, Mutanu alikuwa njiani, na Sajini hakuwa amepata usingizi wa maana. Alimpenda yule mbwa, na wala hakuona haya kujiambia hivyo.

— Sajini, — Masila alianza, akimkagua Tofi kwa jicho la kazi yake ya zamani, — hiyo kitu umeshika ni mbwa ama ni mto ya kulalia?

— Ni mbwa. Heshimu mgeni.

— Mgeni gani miezi sita? Januari hii mbwa ilikuwa inapita chini ya hii benchi bila kuinama. Jumamosi iliyopita ilikwama. Tuliinua benchi na watu wakiwa juu!

— Ilikuwa inapumzika.

— Ilikuwa inapumzika na miguu ikiwa hewani?

Omar alicheka mpaka birika likatikisika. Sajini hakucheka. Alivuta suruali yake juu, maana siku hizi ilikuwa ikishuka ovyo, akakaza ile kamba aliyoifunga badala ya mshipi. Lawama zote aliitupia sabuni mpya ya kufulia, kwamba inalegeza nguo.

— Wacheni kelele, — Kavindu alisema akitoka dukani na kipande cha chaki nyuma ya sikio. — Kuna mizani hapa. Mizani haina rafiki.

Mizani ya Kavindu ni ile ya chini, ya kupimia magunia ya chakula cha kuku, na hakuna mnyama mdogo anayekubali kusimama juu yake atulie. Desturi ya pale ni mwenye mnyama kumbeba mikononi na kupanda naye. Hivyo ndivyo Sajini na Tofi walivyopimwa Januari. Kavindu akaandika hesabu kwenye mwimo wa mlango, lori la magunia likafika wakati huohuo, na wote wakainuka kwenda kushusha. Maandishi yalikuwa bado yapo, yamefifia lakini yanasomeka: *Sajini na Tofi, 66.*

Sajini alimkumbatia Tofi na kupanda. Mshale ulizunguka, ukayumba, ukasita. Moyo wake ulimpiga hata akahofu mizani itaupima nao. Kavindu aliinama, akafuta miwani, akainama tena.

— Sitini na sita, — alisema.

— Ngapi?

— Sitini na sita kamili! Hata robo haijaongezeka!

Benchi lililipuka. Masila alimpigia mbwa saluti. Omar alimimina kahawa bila kuombwa. Sajini aliteremka, akambusu Tofi utosini mbele za watu, na mwanamke aliyekuwa akipita na kikapu cha maembe akasimama kuuliza kama kuna mtu ameshinda kura.

— Lakini sasa, — Masila alisema baada ya kelele kutulia, — mnisaidie. Mizani imesema haijaongezeka. Macho yangu yanasema imeongezeka. Hapa ni nani mwongo?

— Mizani yangu haiongopi, — Kavindu alisema upesi.

— Na mimi nimeona ng'ombe elfu kumi kwa hii macho.

Hapo kazi ikamwangukia Profesa, naye aliipokea kwa mikono miwili. Aliweka kikombe chini, akajifuta midomo.

— Ni nywele, — alisema. — Mimi ni kinyozi, niulizeni mimi. Hii baridi ya Juni ikishuka kutoka vilima vya Iveti, nywele inajaa. Na nywele haina uzito. Mimi nafagia nywele ya watu arobaini kwa siku, naibeba na kidole moja. Hapo ndani mbwa ni ileile ya Januari. Hii ingine yote ni koti.

Masila alinyoosha mkono akaminya koti. Lilikuwa na nyama.

— Koti gani iko na mafuta? Hapana. Hii ni gesi. Ng'ombe ikikula majani ya umande inavimba hivi, tumbo kama ngoma. Tena sikiza, gesi ni nyepesi. Mbwa ikijaa gesi, si kuongezeka, inapungua! Sajini, unafaa uifunge kamba, isije ikaenda na upepo!

— Jamani, — Omar alisema. Babu yake alitoka pwani na Kiswahili chake bado kimenyooka. — Nyinyi mnasahau macho ya watu. Mbwa huyu akipita sokoni, kila mtu anasema tazama alivyo mzuri, tazama manyoya. Macho mengi hivyo lazima yamvimbishe. Mfunge kitambaa cheusi shingoni, uone.

— Macho ya watu yanavimbisha uso, — Profesa alisema kwa ukali wa kitaalamu. — Haiwezi vimbisha matako. Ngojeni. Ngojeni, nimepata. Huyu mbwa amezaliwa wapi?

— Syokimau, — Sajini alijibu.

— Ghorofa ya ngapi?

— Ya nne.

— Nyumba ya vyumba ngapi?

— Kimoja na jikoni.

Profesa alisimama. Akisimama, watu hujua jambo limeiva.

— Umewahi nunua godoro ya kukunjwa? Inakuja imebanwa kwa nailoni, nyembamba hivi. Unakata nailoni, unaiacha kwa sakafu, inaanza kupumua. Asubuhi unakuta imejaa chumba. Je, uzito imeongezeka? Hapana! Ni godoro ileile! Sasa mbwa ilikuwa imebanwa Syokimau, ghorofa ya nne, chumba moja. Imefika Machakos, boma kubwa, hewa safi, hakuna mtu anaibana. Ndugu zangu, hii mbwa haijanenepa. Imekunjuka!

Hata Kavindu alipiga makofi. Masila alitangaza kwamba katika maisha yake yote hajawahi kusikia sayansi kama hiyo, akaomba Tofi apelekwe Katelembo kwenye mashamba mapana, waone atakunjuka mpaka wapi. Sajini alicheka machozi yakamtoka. Kuna jambo hakuwa amemwambia yeyote, na kwa mara ya kwanza lilikuwa jepesi kifuani.

Jambo lenyewe ni kwamba Sajini hakujua kupika chakula cha mtu mmoja. Miaka thelathini na minane alikuwa amekula na Kaluki, na sufuria ilikuwa bado inapima watu wawili. Kila jioni alipakua muthokoi, yale mahindi yaliyokobolewa na kupikwa na maharagwe, sahani mbili, na ya pili aliiweka mbele ya Tofi, juu ya robo kikombe ya amri. Tofi akimaliza yake alimtazama Sajini, naye Sajini, baada ya matonge mawili matatu, alimsukumia na ile iliyobaki. Miezi yote sita alijua anavunja agizo. Lakini ikiwa mizani imesema sitini na sita, basi labda muthokoi nao hauna uzito, kama nywele.

— Huyo anakuja! — Masila alisema.

Mutanu aliteremka kwenye bodaboda na mkoba begani, akaja akitabasamu.

— Habari zenu wazee? Mama Kavindu, uko mzima?

— Wazima, mwaitu, karibu! — Masila alijibu, kwa lile jina la mama ambalo wazee wa pale humwita binti wanayemthamini.

Alimkumbatia baba yake. Mkono wake ulikaa mgongoni mwa mzee muda mrefu kidogo kuliko kawaida. Kisha akamwinamia Tofi, na tabasamu likafutika.

— Baba. Huyu ni Tofi?

— Kabla hujasema kitu! — Profesa aliingilia. — Januari, sitini na sita. Leo, sitini na sita. Mashahidi wote hawa.

— Mizani haina rafiki, — Kavindu aliongeza.

— Kwa hivyo mbwa inabaki, — Masila alimalizia. — Agizo ilikuwa isiongezeke. Haijaongezeka. Imekunjuka tu.

— Imefanya nini?

Wakamweleza wote kwa pamoja, nywele, gesi, macho ya watu, godoro. Mutanu aliwasikiliza mpaka mwisho bila kuwakatiza. Alisoma maandishi ya chaki kwenye mwimo. Akaitazama mizani, akamtazama Tofi, na mwishowe akaitazama ile kamba iliyokuwa kiunoni mwa baba yake.

— Na Baba peke yake, — aliuliza, — yeye ana kilo ngapi?

Profesa alianza na nywele, akaishia hapo. Masila alimtafuta ng'ombe wa kuanzia naye, hakumpata. Kavindu aligusa chaki yake sikioni, kisha akaiacha. Omar alibaki ameinamisha birika bila kumimina. Kila Jumamosi walikaa na mtu huyu, bega kwa bega, na hakuna hata mmoja aliyewahi kumpima peke yake.

— Nipe Tofi, — Mutanu alisema polepole. — Panda, Baba.

Sajini alisita. Mikono ikiwa mitupu alijiona kama amevuliwa nguo. Akapanda. Mshale haukuyumba sana safari hii.

— Hamsini na tisa, — Kavindu alisoma, na sauti yake ilikuwa ndogo.

— Kwa hivyo mbwa ni saba, — Profesa alisema.

— Nilimleta akiwa nne, — Mutanu alisema. — Alipimwa Nairobi wiki hiyohiyo.

— Imeongeza tatu, — Masila alisema akihesabu kwa vidole. — Sasa hizo tatu zilitoka wapi, na jumla ni ileile?

Alijijibu mwenyewe alipoinua macho akamwona Sajini juu ya mizani, shati likimning'inia.

— Napika ya watu wawili, — Sajini alisema. Hakumtazama mtu. — Najaribu kupunguza, mkono unakataa. Halafu nikikula peke yangu chakula haishuki. Yeye akikula naona kama nyumba iko na mtu. Mutanu, nilikuwa naogopa utamchukua.

Macho ya Mutanu yalijaa machozi. Kisha alimpokonya Kavindu chaki, akafuta ile sitini na sita kwa kiganja, na mahali pake akachora mstari mmoja wa kushuka. Upande huu aliandika *Tofi, 7.* Upande ule, *Baba, 59.*

— Sitamchukua, — alisema. — Lakini kila Jumamosi mnapimwa, kila mtu peke yake. Yeye ni nusu kikombe, hakuna muthokoi. Huku iteremke. Huku ipande. Wazee, nyinyi ndio mashahidi, si mnapenda ushahidi?

— Na ile sahani ya pili? — Sajini aliuliza, maana hilo ndilo lililomtisha.

— Nitakuja kuikula mimi, — Masila alisema haraka. — Kwani mimi siku hizi nakula na nani?

— Na Jumapili ni yangu, — Profesa alisema. — Kisayansi, muthokoi ni chakula ya kukunjua akili.

Benchi likacheka tena, kwanza kwa woga, kisha kwa sauti yake ya kila siku. Omar alifunua kikapu, akatoa mahamri makubwa mawili, akamwekea Sajini mkononi. Sajini alirudi kukaa, akakata kipande, na mkono wake, kwa mazoea ya miezi sita, ukaanza kushuka kuelekea miguuni pake, ambako Mutanu alikuwa amemweka Tofi na macho mawili meusi yalikuwa yakisubiri tayari.

— Wewe! — walipiga kelele wote watano.

Mkono ukarudi juu. Sajini alitia kile kipande mdomoni, akatafuna, akameza. Akatia kingine. Walimtazama mpaka chembe ya mwisho, hata Omar alisahau kusema kwamba birika lilikuwa limeisha zamani. Wala hakuna aliyeinuka kwenda kwake. Tofi alitoa pumzi ndefu ya kusalitiwa, akalala juu ya kiatu cha mzee na uzito wake wote wa kilo saba.