Gershom Komora na Msumeno Usio na Haraka

Tarehe thelathini Juni, Bw. Gershom Komora atastaafu kutoka karakana yetu ya Garsen baada ya utumishi wa miaka thelathini na mmoja. Nimeombwa kuandika machache kwa kuwa muda wote huo benchi zetu zilitazamana. Naomba radhi mapema iwapo sifa zitapungua mahali; anayeandika ni jirani yake.

Ulipoletwa msumeno wa umeme, ule ambao ubapa wake huenda mbele na nyuma, sisi wengine tuliukimbiza juu ya feleji, chuma cha pua kilichokazwa kwa moto, na meno yakaisha kabla chuma hakijakwaruzika. Gershom alichagua ubapa wenye meno ya kabaidi, ambayo ni magumu kuliko feleji yenyewe, akakandamiza mguu wa mashine barabara kwenye chuma, akapunguza kasi, akatulia. Utulivu ule niliuonea wivu. Mimi ni fundi wa gesi, chuma nakikata kwa moto.

Wengi mnakumbuka pampu ya mpunga kule Ozi. Pini yake ilikwama, miche inakauka, na sakafu imelowa dizeli. Nilikuwa nimesafirisha mtungi wangu wa gesi kwa mtumbwi kutoka Kau, lakini moto haukuweza kuwashwa pale. Bi. Laila, mwenyekiti wa wakulima, alitangaza mbele ya watu kwamba mimi, Mzee Harrison, angalau nitawachemshia chai. Nilicheka kwa adabu. Gershom alikata pini, maji yakapanda mferejini, akina mama wakamwimbia. Jina langu halikuhitajika katika wimbo ule.

Hata marehemu mke wangu Asenath, Mungu amrehemu, aliwahi kuniuliza kwa nini nisijifunze kwa Gershom. Aliniuliza zaidi ya mara moja.

Kwa desturi yetu, anayestaafu ndiye humtaja mrithi wa chombo chake. Gershom amenitaja mimi, nami namshukuru kwa dhati, maana nimeutamani msumeno huo miaka mingi. Leo asubuhi nilikuwa nikiufunga ubapa mpya simu ilipolia. Pampu ya Ozi imekwama tena. Nilimwarifu Bi. Laila kwamba msumeno sasa ninao mimi. Akauliza, kwa heshima zote, iwapo Gershom mwenyewe hawezi kuja nao.

Ndugu Gershom, asante kwa kazi safi. Mungu akujalie afya, shamba lenye rutuba na mapumziko marefu pale Ngao. Nakuomba jambo moja tu, na uniwie radhi: simu ya Ozi ikilia, iache ilie. Niko njiani.

Harrison Jilo, fundi wa gesi