Risala ya Wanafunzi wa Bweni Kuhusu Mnara wa Siku na Matroni Aliyebaki Jumamosi

Mgeni rasmi, Mkaguzi Mkuu wa Majengo, Mkuu wa shule, walimu wetu, wapishi wetu: shikamooni.

Sisi wanafunzi wa bweni tunakukaribisha kwa mikono miwili. Kiti ulichokalia kina mguu mbovu, tafadhali usiegemee kushoto. Tunajua kwa sababu tumekwisha kukuona ukianguka. Tutaeleza.

HISTORIA FUPI SANA YA MNARA

Katika Mnara wa Siku kila ghorofa ni siku moja. Mlango huu ulio mbele yako ni leo. Ukishuka ngazi unaikuta jana, ukishuka tena juzi, na kuendelea mpaka magoti yakatae. Huko chini jua la siku ile bado linawaka, na vivuli vyetu vinarudia tulichokifanya. Ukipanda unaikuta kesho, ambayo ina kuta lakini haijaezekwa. Juu ya hapo hakuna ngazi. Kuna fundi na nyundo yake tu, na ukimwuliza mtondogoo itakuwaje, anajibu kwamba yeye ni kibarua.

Kila alfajiri mnara hudidimia ghorofa moja, kwa kishindo tunachokitumia kama kengele ya kuamkia. Kisha wanafunzi wa zamu huhamisha vibao: LEO, JANA, JUZI. Hiyo ndiyo kazi yao, na ndipo shida ilipoanzia.

MAFANIKIO

Hakuna shule yenye sare kavu kama zetu. Tunafua asubuhi, tunaanika jana, tunavaa mchana. Anayechelewa paredi hushuka kwenye paredi ya jana, ambako mwalimu wa zamu humsifu kwa kuwahi. Na Jumamosi, siku ya nyama, imekuwa ikiliwa hadi Alhamisi. Hili la mwisho, Mkuu wa shule, lilikuwa halijatangazwa.

CHANGAMOTO

Wahenga walisema mzaha mzaha hutumbuka usaha, nasi tumeutumbua.

Matroni wetu tunamwita Mama Tochi, kwa kuwa huwezi kumwona kabla tochi yake haijakuona. Alishuka mnarani kuwasaka wezi wa nyama. Wezi wakapanda mbio, na katika heka heka hiyo kibao cha LEO kikajikuta kimetundikwa kwenye ghorofa ya Jumamosi. Hatutataja mkono. Mikono ilikuwa mingi.

Tangu hapo yuko Jumamosi, akiamini kwamba ni leo. Anasimamia vivuli vyetu, ambavyo huiba nyama ile ile kwenye sufuria ile ile. Huvikamata, huviadhibu, na Jumamosi ikianza upya vinaiba tena. Kila alfajiri mnara unadidimia, naye yumo.

Tulimfuata. Tukamwambia, "Mama, hapa si leo, twende juu." Akatumulika usoni mmoja mmoja.

"Mliniambia bwalo linaungua, nikatoka na taulo," akasema. "Mkaniambia nimefiwa na mjomba, mjomba ambaye sina. Sasa mnaniambia leo si leo. Nendeni mkalale, wanangu."

Tulipojaribu kukirudisha kibao alikitaifisha. Anakilalia.

Mkuu wa shule tulimwambia kwamba Matroni yuko likizo. Alituamini, na hilo nalo linatuuma. Mkuu, tunaomba uketi. Tutakuja ofisini wenyewe.

Mgeni rasmi, umekuja kuuziba mlango huu kwa matofali kwa ajili ya usalama, nasi hatupingi. Ila tangu Mama Tochi aondoke, wenzetu wanaojifanya kuumwa tumbo wanalala mpaka mchana, na wanaoumwa kweli hakuna anayewatambua. Yeye alikuwa akikugusa paji la uso, anajua. Halafu anakutukana kidogo, anakuletea uji. Ukipanga tofali la mwisho, atabaki huko milele akidhani vivuli vile ndio sisi, tulioharibika kiasi hicho.

OMBI

Jana tulipanda kesho, tukaitazama sherehe hii kabla haijafika. Risala yetu ya kwanza ilikuwa na vichekesho. Ulicheka mpaka ukaanguka kushoto, kisha ukapanga tofali huku unafuta machozi. Tukarudi, tukaandika ya pili, tukaijaza methali na takwimu. Ulisinzia kwenye Historia, ukaamka kwenye makofi, ukaziba.

Hii ya tatu hatukwenda kuichungulia. Hatukuweka ndani yake mtego wowote, kwa hiyo hapakuwa na cha kujaribu. Kuanzia hapa hatujui utafanya nini.

Tunaomba ushuke ukamwite. Sisi hatatuamini. Wewe hakujui, una kofia ngumu, na hujawahi kumtoa mtu nje na taulo. Magoti yako tumeyafikiria: kila ghorofa kuna wanafunzi wawili wa kukubeba kitini, na kiti si hicho.

Ukimfikia usimweleze habari za mnara wala vibao, atazima tochi akuonyeshe mlango. Mwambie tu kwamba huku juu umewaacha wanafunzi wake wote wamesimama mstarini, kimya, mashati yamechomekwa, na hakuna aliyewaamrisha. Hilo nalo hataliamini. Lakini tunamfahamu Mama: hataweza kukaa bila kuja kuhakikisha.

Mwenyezi Mungu akupe pumzi ya kushuka, akuongezee maradufu ya kupanda, na akurudishe mkiwa wawili. Matofali yako tutakulindia.

Ni sisi,
Wanafunzi wa Bweni la Mnara,
tuliokwisha kupanga mstari.