Wimbo wa Kaburini Uliochekesha Watu

Saa saba na dakika ishirini mchana, siku ya Jumamosi, jeneza likiwa nusu ndani ya kaburi, mtu alicheka. Nilikuwa mbele ya kwaya, mikono juu. Nilitazama saa kwa sababu sikujua pengine pa kutazama.

Ndugu zangu, mmeniomba niseme yaliyonipata. Nitayasema kwa mpangilio, bila kutaja mtu. Wengi wenu mlinijua kama mwalimu wa kwaya hapa Riruta. Muziki sikuusomea, kinanda nilijifunza mwenyewe, kwa kitabu cha noti na kwa masikio. Wimbo tuliokuwa tukiimba makaburini niliutunga mimi, na kila familia iliyofiwa iliuomba.

Miaka ile vituo vya televisheni vilikuwa vimeanza kutafuta vichekesho vya hapa kwetu. Mtayarishaji mmoja, mwenye studio nyuma ya nyumba yake Kitisuru, alinipa kazi ya kutunga muziki wa kipindi chake. Alitaka kipande kifupi cha kumwingiza mlevi, yule mhusika mkuu, kila anapotokea mlangoni. Nilimpelekea vipande kadhaa, akavikataa vyote. Asubuhi ya kurekodi sikuwa na kitu. Nikachukua wimbo wangu wa makaburini, nikauongeza mwendo mara mbili, nikaupa sauti ya tarumbeta. Nilijiambia kwamba noti ni noti tu.

"Mzee, hii ni moto!" akasema mtayarishaji. "Usiguse kitu."

Kipindi kikapendwa, nami nikajivunia. Sikufikiria kwamba wanaotazama televisheni Alhamisi ndio hao hao wanaozika Jumamosi.

Jumamosi ile ya kicheko tulikuwa tunamzika mwenzetu aliyeimba besi. Tulipoanza ubeti wa kwanza, mtu akasema nyuma, "Wee, si hii ni ya yule mlevi?"

"Nyamaza, huna haya!" mwingine akamjibu, lakini naye alikuwa ameziba mdomo. Mjane aligeuka. Hakumtafuta aliyecheka. Alinitazama mimi.

Nawaambia, sikuanguka kwa siku moja. Kwanza niliacha kwaya. Halafu kutunga kukakataa: nikiweka vidole kwenye kinanda, nasikia kile kicheko. Mtayarishaji akatafuta mtu mwingine, lakini kipande changu akabaki nacho. Kila Alhamisi kilipenya kuta zote za ploti yetu ya vyumba vya kupanga. Nikawa natoka nyumbani ili nisikisikie, na nilikokwenda kulikuwa na pombe. Jioni moja narudi, nashika ukuta, watoto wa ploti wakanipokea langoni wakiniimbia wimbo wangu mwenyewe, ule wa haraka. Hawakujua ni wangu. Walimwona mlevi tu.

Mwaka ulipokaribia kwisha tangu mazishi, yule mjane alikuja mlangoni kwangu.

"Mwalimu, Jumamosi ijayo tunaweka msalaba. Nataka ule wimbo."

"Mama, watu watacheka."

"Wacha wacheke. Hata marehemu alikuwa anacheka hapo kwa kiti yake, kila Alhamisi. 'Huyu mwalimu ametuuza!' ndivyo alikuwa anasema. Wewe uimbishe polepole mpaka wachoke." Alipofika nje akageuka. "Na usikuje na hiyo harufu."

Jumatatu nilikwenda Kitisuru nikiwa sijaonja pombe, kuomba wimbo wangu utolewe kwenye kipindi.

"Nilishakulipa, mzee," mtayarishaji akaniambia. "Ukitaka niitoe, rudisha pesa yangu, elfu thelathini na tano."

Alidhani sina, na kweli sikuwa nazo. Niliuza kinanda. Zilizopungua wanakwaya walinichangia, wale wale niliowaaibisha. Mtayarishaji naye hakunigeuka, aliutoa.

Jumamosi tuliimba bila kinanda, mkono wangu tu ukihesabu mapigo. Wawili watatu walicheka. Nikapunguza mwendo, kisha nikapunguza tena. Kufika ubeti wa pili palikuwa kimya, na yule mjane, aliyekuwa amesimama kando ya msalaba, alikuwa anaimba sehemu ya besi, ile ya mumewe, chini kadiri sauti yake ilivyoweza kufika.

Siwadanganyi kwamba yamekwisha. Bado kuna anayetabasamu wimbo ukianza, na bado kuna jioni ambazo miguu yangu inajua njia ya kule. Namshukuru mama yule. Nawashukuru waliochanga, na ninyi, wenzangu wa kuacha pombe, mnaonisikiliza kila wiki bila kuchoka. Ninalowaachia ni hili: kabla hujatoa kitu watu wakichekee, uliza kwanza nani anakililia.

Wimbo niliutunga mwenyewe, na kuupata tena kulinigharimu shilingi elfu thelathini na tano.