Tanzia ya Pindo la Kijani

Njooni mkae karibu, wanangu, na wewe Ayten liache jiko, hiyo supu haiendi popote. Sabri, fungua dirisha nione miplamu ilivyochanua, kisha uketi. Rufat, wewe kaa huku, upande wa sikio langu zima. Nimefundisha darasa la kwanza maisha yangu yote ya kazi, na najua kwamba anayetaka kusikilizwa huanza kwa kuwaketisha watu. Haya, mmeketi. Sasa nitasema ya kwangu, na msinikatize kuniambia kwamba nitapona. Yule daktari aliyekuja jana alinishika mkono muda mrefu na kuisifu chai yetu kwa upole mno, na daktari hawi mpole hivyo kwa mtu atakayepona.

Mnacheka. Vizuri, chekeni. Baba yenu Myumyun alituaga watu wote wakilia mpaka akakasirika, na sitaki kufuata mtindo ule.

Nianze na mepesi. Nyumba hii ni ya Ayten, yeye ndiye aliyebaki nami wengine mlipotawanyika, yeye ndiye anayenigeuza usiku mgongo ukiniuma, na atakayelijadili hilo atajadiliana na mimi nikiwa nimeshakufa, jambo ambalo halina raha. Shamba la tumbaku ni la Sabri. Najua, mwanangu, una duka lako la mapazia kule Bursa na mikono yako imeshasahau jembe, na ndiyo sababu nakupa wewe, kwa kuwa mwenye shamba mahali ana kisingizio cha kurudi. Wala usilalamike kwamba lina mawe. Babu yenu aliingiza kwenye ushirika shamba zuri la bondeni, kando ya mto, na ule utawala wa zamani ulipoanguka wakaja watu na kamba na ramani kuturudishia ardhi yetu, wakaturudishia hili la mlimani. Baba yenu akawauliza, shamba langu lilikuwa chini, limepandaje huku juu? Mpimaji akamwambia, "Mzee, shukuru la kwako limepanda. La jirani yako halijaonekana kabisa." Tulicheka, tukalilima, na ile tumbaku ya kwenye mawe ikanukia kuliko ya bondeni.

Wewe Rufat nakuachia mjozi ulio nyuma ya nyumba, pamoja na jozi zake zote. Kila vuli njoo uziokote mwenyewe, na mkeo Galina na mtoto, vidole vyenu viwe vyeusi kwa maganda. Usimtume mtu.

Halafu kuna ugomvi wenu ninyi wawili. Sabri humwita mdogo wake Mbulgaria, kwa sababu alibaki na jina la Kibulgaria, Rumen. Rufat humwita kaka yake Mturuki, kwa sababu alihamia Uturuki. Lakini nilipokuja kwako Bursa, Sabri, niliwasikia majirani zako ngazini wakisema, yule mama ni wa nani, na mwingine akajibu, ni mama yake yule Mbulgaria wa mapazia. Nilicheka mpaka nikashika ukuta. Kwa hiyo nyote wawili ni Wabulgaria kule na nyote wawili ni Waturuki hapa, na mimi niliyewazaa nyote nasema mnafanana hata mnavyokoroma. Yaishe hayo. Nikishafukiwa, mle sahani moja.

Nipe maji kidogo, Ayten. Basi, yanatosha.

Sasa tanzia yangu. Hilo ndilo nililowaitia. Mtaipeleka ikachapishwe mjini, iwe na picha, na mtaibandika kama kawaida: langoni hapa, kwenye nguzo za umeme, pale dukani, msikitini, kwenye kituo cha basi, na kwenye mlango wa kila mtoto wangu popote anapoishi. Ikifika siku ya arubaini mtabandika nyingine, na mwaka ukitimia nyingine. Pindo lake liwe la kijani, kama la Waislamu wote wa hapa, na mwezi mwandamo juu. Jina langu liandikwe Nazmie kwa herufi kubwa. Chini yake, kwa herufi ndogo, andikeni kwamba wapo waliomjua kama mwalimu Nadya.

Sabri, nimeona ulivyokunja uso. Subiri.

Mnaikumbuka baridi ile. Askari walifunga barabara, theluji imefika madirishani, tukaitwa mmoja mmoja kwenye ofisi ya kijiji kubadilishwa majina yetu ya Kituruki, tupewe ya Kibulgaria. Nyuma ya meza alikaa Kiril, mume wa Stanka, jirani tuliyekuwa tukipelekeana mayai mekundu ya Pasaka na baklava ya Idi. Hakunitazama usoni. Aliniambia, "Mwalimu, chagua upesi, nje wako wengi." Mbele yake kulikuwa na karatasi ya majina yanayoruhusiwa. Nikachagua Nadya, kwa sababu ndilo lilikuwa jina la mbuzi wa Stanka, na alikuwa mbuzi mwenye akili kuliko wote waliokuwa mle ofisini.

Kesho yake shuleni nikaita majina mapya ya wanafunzi wangu. Nikayaita tena. Watoto wananitazama kama vifaranga, kila mmoja anasubiri huyo mgeni aitike. Mkuu wa shule akachungulia mlangoni akasema mwalimu Nadya, nami nikageuka kumtafuta mwalimu mpya. Watoto wakaangua kicheko, na mimi pia, hatukuweza kujizuia. Kisha kasichana kamoja ka mbele kakaniuliza polepole, "Mwalimu, na tukifika nyumbani tunakuwa nani?" Nikakaambia, ukifika nyumbani mama yako atakuita, na wewe utaitika. Mpaka leo sijapata jibu zuri kuliko hilo.

Watoto wale nimewafundisha kusoma. Herufi zao za kwanza wamezipata kwangu, na baadhi yao, waliokuja kutoka vijiji vya mbali, hawakuwahi kunijua kwa jina jingine. Leo ni watu wazima, wanapanda basi pale kituoni. Ikiandikwa Nazmie peke yake watapita, wataisoma kwa zile herufi nilizowafundisha, na hawatajua kwamba ni mimi niliyekufa. Sitaki hivyo. Jina lile nililazimishwa, lakini wale watoto sikulazimishwa kuwapenda. Umenielewa, Sabri? Vizuri. Ukunjue basi huo uso, umefanana na baba yako akitafuta miwani.

Kuhusu Kiril, nisisikie mtu anaendeleza kinyongo na Stanka. Siku ya mazishi mumpe kiti, akae na wanawake wa nyumba hii. Mmesahau jinsi Kiril mwenyewe alivyoondoka? Wewe Sabri hukuwepo, ngoja nikusimulie. Alikufa, na mara ukazuka ubishi pale kwake. Mwanawe anataka tanzia iwe na msalaba, kwa kuwa siku hizi kila mtu ana msalaba. Stanka anasema hapana, marehemu alikuwa mtu wa chama mpaka pumzi ya mwisho, awekewe nyota kama zamani. Wakabishana mpaka mchapaji kule mjini akachoka na simu zao. Msaidizi wake akaangalia anwani, akaona ni kijiji chetu, akasema moyoni, ah, kule wote ni Waturuki. Akachapa rundo zima lenye pindo la kijani na mwezi mwandamo.

Mwanawe alikuwa na haraka, akazibandika gizani bila kutazama. Kulipokucha, Kiril yuko kila nguzo ya umeme, amevaa tai yake, na pindo la kijani limemzunguka kama hujaji. Yule yule aliyetuandika majina. Wazee walipotoka msikitini wakasimama mbele ya nguzo, hawajui wacheke au wamwombee. Baba yenu akasema tumwombee kwanza, wakamwombea, kisha wakacheka mpaka wakashikana mabega.

Mimi nilikimbia kwa Stanka kumwambia azitoe kabla watu wa mjini hawajafika. Nilimkuta ameketi langoni anaitazama ile ya kwake. Akaniambia, "Ziache, Nazmie. Sisi tuliwavisha ninyi wote majina yetu. Na yeye avae kidogo." Nikakaa kando yake kwenye lile benchi, akanimenyea tufaha, na tangu siku ile, wanangu, sijapata kumchukia mtu yeyote wa nyumba ile, hata nilipojaribu.

Niinueni kidogo. Hapo. Hapo hapo, inatosha.

Sasa, Rufat.

Baba yako alipofariki, tulikupa tanzia yake uende nayo Plovdiv ukaibandike mlangoni kwako. Baada ya arubaini nikaja kukutembelea. Nilipanda ngazi polepole, unajua magoti yangu, na kila ghorofa nikapumzika nikisoma milango ya watu. Wote walikuwa na marehemu wao pale, huyu mama, huyu mjomba, mmoja alikuwa na tanzia ya mwaka mzima, imeshapauka. Nikafika kwako. Mlango ulikuwa mtupu, unang'aa. Nikasimama pale nikavuta pumzi, ndipo nikabonyeza kengele. Ulinikaribisha vizuri, Galina alinipikia pilipili hoho za kujazwa, mtoto akanichorea farasi. Sikukuuliza habari ya mlango, kwa sababu sikuwa na hasira. Inama chini kama unataka, lakini nisikilize.

Najua ilivyokuwa. Ulikuwa kijana wa sekondari ulipoandikwa Rumen. Majina yaliporudi, mimi nilipanga foleni alfajiri kuchukua langu, lakini wewe ulikuwa na vyeti vya chuo kwa jina lile, ukapata kazi kwa jina lile, ukaoa kwa jina lile. Kwenye kile kibao cha mlango wa kliniki yako ya meno pameandikwa Daktari Rumen, na watu hufungua midomo yao mbele yako bila wasiwasi. Hujamdanganya mtu. Hukuulizwa, nawe hukusema, na miaka ikapita, na jambo lisilosemwa muda mrefu huwa gumu kulianza. Halafu inakuja karatasi ya kijani kuwaambia majirani wote kwa siku moja yale ambayo wewe hujawaambia kwa miaka.

Kwa hiyo unangoja nikuamuru. Nimekuona tangu ulipoingia jana, umekaa kama mtoto anayengoja kuitwa ubaoni. Sitakuamuru. Mimi nilishaamriwa jina na mtu aliyekaa nyuma ya meza, na sitaki sasa kitanda hiki kiwe meza ile. Ukiibandika tanzia yangu mlangoni kwako, nitafurahi huko nitakakokuwa, kama walioko huko hufurahi. Usipoibandika, wewe ni mwanangu vilevile, umeitika nilipokuita, na radhi yangu unayo yote, haikupungua hata punje. Na ninyi wawili sikieni: Sabri usimpigie simu kumuuliza, Ayten usiende Plovdiv kupeleleza ngazini. Hiyo ni kati yake na mlango wake.

Nimemaliza jambo zito. Nimechoka kama nimetunga majani ya tumbaku kwenye uzi mzima. Sabri, acha kukohoa kikohozi cha uongo.

Unasemaje, Rufat? Sema kwa sauti, hata upande huu mzima sisikii sana leo. Mlango? Mlango umefanyaje?

Ati mlango wenu ni wa chuma. Pini haiingii.

Ah, mwanangu. Ngojeni. Ngojeni nicheke kwanza, kifua kinauma lakini ngojeni nicheke. Tangu jana umekaa hapo na uso wa mashtaka, kumbe unawaza pini. Daktari mzima. Mtoto wa mwalimu wa darasa la kwanza hajui kubandika karatasi kwenye chuma. Sogea. Sogea nikufundishe, hili ni somo langu.

Utachukua unga wa ngano, ule wa kawaida tu. Maji ya uvuguvugu, kidogo kidogo, unakoroga kwa mkono mmoja mpaka mabonge yaishe. Kisha unaliinjika hilo rojo kwenye moto mdogo mpaka liwe kama mtindi. Liache lipoe. Paka pembe zote, na katikati, katikati usisahau, hapo ndipo watoto wote hukosea na karatasi huvimba tumbo. Ibandike kuanzia juu... uishushe kwa kiganja, polepole, hewa itoke. Na Galina akushikie pembe, aone imenyooka au imepinda. Haitoki hiyo. Itakaa mpaka ya mwaka.

Picha? Ile ninayocheka, ya siku ya kustaafu. Siyo ile ya kitambulisho, pale nimetoka kama nimeshitakiwa.

Basi. Jambo la kuandika lingine sina. Ayten, nifunike miguu... miguu imeanza baridi. Sabri, mkono wako. Huo mwingine ni wa nani, wa Rufat? Shikeni hivyo hivyo. Nimewasamehe yote, mnayoyakumbuka na mliyoyasahau, nanyi mnisamehe. Msinililie kwa kelele, majirani watadhani mnagombana. Mkae karibu hata mkikaa mbali... mnanielewa. Mungu awape afya, na watu wa kuwafungulia milango. Mungu awalinde, wanangu... kwa majina yenu yote.