Masharubu ya Raghoba

Benchi la nje ya mgahawa wa Mwirani, pale Dadar, lilitazamana na geti la kampuni ya filamu, lakini asubuhi ile waigizaji waliokaa hapo walikuwa wakitazama mawingu. Filamu zilikuwa bado bubu na zilipigwa kwa mwanga wa jua. Likitoka tu, mwongozaji anaanza, na Raghoba Parab awe ameshanyolewa masharubu na kuvaa sari nyeupe ya mjane. Bibi aliyepewa nafasi hiyo alikuwa amechukuliwa na kaka zake, walioona kuigiza ni aibu kwa mwanamke. Raghoba akichelewa, atatafutwa mwingine, naye hajawahi kupewa kubwa kama hii: mjane wa kuliza watu tangu mwanzo hadi mwisho.

Wembe, kinyozi wa kampuni, alikuwa ameshamfunga taulo shingoni.

Wembe: Kaa sawa, Parab. Mara moja tu, hata chai haijapoa.

Raghoba: Subiri kidogo.

Wembe: Nisubiri nini? Lile wingu linaachia, huoni?

Kwao mwana hanyoi masharubu baba yake angali hai. Akinyoa, ametangaza msiba. Ujanani Raghoba alinyoa, akawa mama mkwe mkorofi kuliko wote kwenye sinema. Kisha baba yake akaiona picha ile kwenye hema la maonyesho kule kwao Ratnagiri, akasimama katikati ya watu, akasema mwanangu keshanizika. Tangu hapo Raghoba alifuga masharubu, na masharubu yakampa kazi za majambazi wa kupigwa risasi mapema. Iliuma, tena sana.

Upanga, mcheza askari, akasogeza kikombe.

Upanga: Nyoa upande mmoja. Kamera inaona upande mmoja tu, bwana.

Wembe: Na akigeuka?

Upanga: Asigeuke! Mjane na shida zake, ageuke aende wapi?

Wembe: Basi niseme mkono umeteleza. Dhambi yangu, mzee aje agombane na mimi.

Upanga: Hilo ataamini. Sikio langu hili lina alama yako.

Raghoba: Jamani, mnanifanyia mzaha.

Upanga: Mzaha wapi, kaka? Sikia. Ukishavaa sari, wewe si Raghoba tena. Anayenyolewa ni mjane. Na mjane kwenye hadithi ni yatima, baba keshakufa!

Wembe: Mjane gani ana masharubu?

Upanga: Ndo maana ananyolewa!

Wakacheka mpaka chai ikamwagika. Raghoba hakucheka. Vivuli vya miguu yao vilianza kuonekana chini, kwa mbali.

Getini akatokea Kashibai, fundi cherehani aliyeanza kazi jana, sari nyeupe mkononi, anakuja mbio.

Kashibai: Mwongozaji anamtaka mjane wake sasa hivi. Ee, bado ana masharubu?

Wembe: Muulize mwenyewe.

Upanga: Ana baba, dada yangu. Hawezi kunyoa.

Kashibai: Kumbe. Na mzee hajambo?

Upanga: Hajambo! Angekuwa hayupo, sisi tungebishana nini hapa?

Kashibai: Nani kamwona?

Upanga akamtazama Wembe. Wembe akamtazama Raghoba. Kila mwaka Raghoba alijiambia atakwenda kwao filamu hii ikiisha, na kila ikiisha aliogopa kufukuzwa mlangoni. Meli za Ratnagiri ziliondoka bandarini, zikarudi, yeye yupo kwenye benchi.

Jua likatoka lote. Ndani wakaliita jina lake.

Wembe: Parab, ninyoe nisinyoe?

Raghoba: Sijui.

Upanga: Hujui nini, kaka?

Raghoba: Sijui kama yu hai.

Raghoba alishika masharubu yake kwa mkono mzima, machozi yakimtoka mbele za watu. Kama mzee alishafariki, basi alitakiwa kunyoa siku nyingi zilizopita, na kule kwao hakuna hata mmoja aliyejisumbua kumwambia.