Sauti ya Sharubu

Benchi letu liko nje ya duka la kufulia nguo, Takoma Park, huku Marekani, upande wa pili wa stesheni ya treni. Jumamosi nguo zikizunguka ndani, sisi tunakaa nje na chupa yangu ya kahawa. Wenyewe ni watatu: kaka yangu Gwakisa, anayeitwa Katibu kwa sababu hakuna kikao kisicho na hotuba yake, Kibet wa Eldoret, tunayemwita Jaji, na Boniface, Daktari, ingawa kazi yake ni kuogesha wazee huko Bladensburg. Mimi namimina kahawa.

Jumamosi ile Katibu alikuja na koti. Binti yake Anitha ameposwa na kijana wa Virginia, Mtelugu, watu wa kusini mwa India, na baba wa kijana alikuwa njiani kuja kutuona tulivyo. Mzee huyo anampenda kupita kiasi mwigizaji mmoja wa kwao, ambaye sisi tulimjua tangu utotoni kwa jina la Sharubu. Kwenye simu Katibu alikuwa amejigamba kuwa filamu zote za Sharubu anazo kichwani. Sasa alitaka benchi limsaidie kupata maneno mazuri ya kusema, asije akamwaibisha mtoto.

Benchi halikuwa na maneno mazuri.

— Sharubu aliisha siku alikubali kuwa adui, Jaji alisema. Steringi mzima unapigwa na vijana?

— Afadhali hata huo uadui, Daktari akajibu. Si baadaye akawa mchekeshaji? Anatumbukia kwenye ndoo ya maziwa na lile tumbo lake.

— Halafu akajifanya dairekta, Jaji akadakia. Buda, unajua ni kwa nini? Hakuna dairekta mwingine alikuwa anamtaka.

Daktari alidai kuwa katika filamu aliyoiongoza mwenyewe Sharubu alikuwa baba, mtoto na mama mkwe, kwa sababu hakuna aliyevumilia kuigiza naye. Jaji akasema siku hizi anapewa kuwa maiti, na hata umaiti unamshinda, maana kope zinacheza.

Katibu akamtetea kwa ile filamu ambamo Sharubu anavuka mito kutafuta trekta la marehemu baba yake, lililoibwa. Jaji akamtazama kwa dharau. Filamu hiyo aliiona Eldoret, na Sharubu alikuwa anamtafuta pacha wake.

— Hiyo trekta ilikuwa inapita tu, akasema.

Mimi nililikumbuka banda la video la kwetu Tukuyu, Gwakisa amekaa mbele kabisa. Tulikuwa na mtafsiri wetu, aliyefunika kila neno la filamu kwa sauti yake nzito ya Kiswahili. Eldoret walikuwa na wa kwao. Kila mtafsiri alisimulia alivyopenda.

Ndipo Anitha akafika na mzee Subbarao, mtu mfupi mwenye kandambili safi na boksi la peremende. Katibu akasimama, akafunga vifungo vya koti, akaanza hotuba kuhusu mwigizaji mkubwa aliyetulea. Jaji akakohoa. Anitha alipomfasiria, mzee alifurahi mno, akauliza jambo moja kwa Kiingereza cha haraka kilichotupita. Anitha hutujibu kwa Kiingereza siku zote. Siku ile alitafsiri kwa Kiswahili, polepole.

— Anauliza, sauti yake mnaionaje? Anasema kwao watu wanampenda kwa sababu ya sauti.

Jaji akaangalia ndani ya kikombe. Daktari akaenda kutazama nguo ambazo mashine ilikuwa bado inazizungusha. Katibu akafungua kinywa, nami nilijua ni sauti ipi anataka kuiga, kwani aliiiga nyumbani kwetu utoto wake wote. Akakifunga.

— Mwambie sijawahi kuisikia.

— Baba, niseme hivyo?

— Sema hivyo. Mwambie tuliyemsikia ni mtu wa Tukuyu.

Anitha akasema. Mzee hakucheka. Alitoa simu, akafungua kipande cha filamu ya Sharubu, akaishika katikati yetu. Sauti ikatoka nyembamba, yenye mkwaruzo, kama ya mtu anayeomba maji bila kutaka kuwaamsha wenzake. Tulisikiliza mpaka ikakoma.

— Huyo si yeye, Jaji akasema.

— Sogea wewe, Katibu akamwambia. Mkwe wangu hana pa kukaa.